Ukuta Uliopakwa Rangi

Mzee Lugendo, tajiri wa mashine za mpunga, alijenga ukuta ukaziba njia ya kina Nyamizi. Mahakama ikaamuru aubomoe. Yeye akaupaka rangi. Mama yake Nyamizi, mtu wa magongo, akawa anapita zizini kwa jirani ili afike kliniki.

Nyamizi, digrii mkononi na kazi hana, akamrudisha mahakamani kwa kudharau amri.

"Mheshimiwa, amri gani?" Lugendo aliapa, kanzu inameta. "Sijaiona wala kuisikia. Nitaidharauje nisiyoijua?"

Hakimu akamgeukia Nyamizi. "Una saini yake ya kuipokea? Bila hiyo, kesi yako imekufa."

"Sina, Mheshimiwa. Tarishi wa mahakama akienda, anaambiwa bosi kasafiri. Basi naomba nimsomee hapa, maskini, naye aijue."

"Msomee."

Nyamizi akakunjua karatasi, akakohoa kisomi. "Lugendo abomoe ukuta, na choo chake cha vigae, na baraza la mbele..."

"Wee binti, koma!" Lugendo aliruka kitini. "Digrii yote hiyo na kusoma hujui? Choo hakimo! Baraza halimo! Ukurasa wa pili, aya ya mwisho: ukuta peke yake, ndani ya siku kumi na nne!"

Hakimu akavua miwani.

Nyamizi akapiga goti kwa adabu. "Asante kwa kunisahihisha, mzee wangu. Sasa kesho utaanza kubomoa upande gani?"