Mzigo wa Mheshimiwa Mkawasi

Asindikizwaye hakufukuzwa. Mmeisikia leo mwalimu mkuu alipokuwa akiagwa, na sasa mnanikodolea macho nieleze ilikotoka, kana kwamba mimi na maneno tulizaliwa siku moja. Si ya kale. Wengi walioishuhudia bado wanakula ugali. Methali hii ilianza hivi.

Katika milima hii yetu ya Taita, wadi ya Kirembe, palikuwa na mjane aliyeitwa Mkawasi. Kazi yake ilikuwa kuuza kabichi. Soko lilipokosa maji, yeye ndiye aliyesimama barazani kumhoji chifu, hata chifu akawa akimwona kwa mbali anakata kona. Watu wakaambiana, "Mdomo huu unapotea bure sokoni." Wakamchagua awe mwakilishi wadi katika bunge la kaunti.

Mwanzoni alikaa kule akisikiliza tu, kwani miswada ilisomwa mbio na wenzake walikuwa wamezoea kupayuka. Lakini mwenda pole hajikwai. Aliposimama kutetea mswada wa maji, wakamwambia bajeti imekwisha. Akawajibu kwamba kiu haijakwisha. Mswada ukapita, mabomba yakapanda mlima. Kisha zahanati ikapata chumba cha kujifungulia, na wanawake wenye uchungu wakaacha kubebwa kwa machela kuteremshwa bondeni. Wallahi, hilo peke yake lilitosha kumshukuru mtu maisha yake yote. Alirudishwa kwa muhula wa pili. Nyumba yake kule juu kilimani aliiona kwa nadra, na magugu yakamea hadi mlangoni.

Uchaguzi wa tatu akashindwa na kijana Mwandawiro, mwenye duka la dawa za mifugo.

Sasa mwajua desturi yetu. Mgeni akiondoka, mwenyeji hubeba mzigo wake na kumfikisha njiani. Anayeondoka peke yake na mzigo wake kichwani, watu huulizana ameiba nini. Mkawasi aliijua desturi hiyo vizuri, na ndiyo iliyomuumiza. Aliona hakuna atakayembebea. Alipomaliza kukabidhi ofisi ya wadi pale sokoni, akafunga sanduku lake, akaazimia kwenda Voi kwa kaka yake na asikanyage tena Kirembe. Akatokea mlango wa nyuma, akashika kijia cha migombani asionekane na mtu.

Milima haina siri. Mama mmoja aliyekuwa akikata majani ya ng'ombe alimwona, akaacha mundu palepale na kukimbilia sokoni. Punde Mkawasi akasikia vigelegele nyuma yake. Alidhani ni watu wa Mwandawiro wanakuja kumzomea, akaongeza mwendo, lakini sanduku lilikuwa zito na miguu si ya ujana.

Wa kwanza kumfikia alikuwa Mwandawiro mwenyewe, anahema. Akalitwaa sanduku na kujitwika kichwani.

"Niachie mzigo wangu, mwanangu," Mkawasi akasema. "Umeshashinda. Haikutoshi kuniona nikiondoka?"

"Mama, nikikuacha uende hivi, nitawaambia nini watu walionichagua?"

Wengine wakafika, kina mama wengi, baadhi wamebeba mgongoni watoto waliozaliwa zahanatini. Mbele yao alikuwa Nyanya Mshai, mkongwe kuliko wote pale sokoni.

"Mmenifukuza," Mkawasi akawaambia. "Mwanifuata kwa nini?"

"Mimi kura yangu sikukupa, wala sikufichi," Nyanya Mshai akasema. "Nimekutazama ukipanda vilima hivi na magoti yamevimba. Ng'ombe aliyelima sana hufunguliwa nira apumzike. Umeona wapi mtu anafukuzwa huku amebebewa mzigo? Asindikizwaye hakufukuzwa, mwanangu."

Mkawasi akakaa chini kwenye majani, akalia bila kujificha. Kina mama wakamngoja. Hakuna aliyemharakisha, wala kumwambia anyamaze.

"Mngeniambia mapema," akasema hatimaye, akijifuta kwa kanga.

"Ungekubali?" akauliza Nyanya Mshai.

Akacheka, kwa kuwa asingekubali. Kisha akasimama na kuwashukuru, mmoja mmoja kwa jina: aliyempa chumba alipokwama mvuani, aliyemlindia kabichi zake siku za kampeni, na aliyemkosoa mbele ya watu hadi akajirekebisha. "Mlinitoa sokoni mkanituma," akasema. "Mimi ndiye mwenye kushukuru."

Wakaandamana naye. Mwandawiro alitembea ubavuni mwake, jasho likimtiririka, akiuliza jinsi ya kusema bungeni asikike. Wakafika njia panda. Kushoto ni kituo cha magari ya Voi, kulia ni njia ya kupanda kilimani. Kwa desturi, anayesindikizwa ndiye huwaambia wenzake warudi, hivyo wote wakasimama wakimngoja aseme.

Mkawasi akatazama kushoto. Mkono akaukaza begani mwa Nyanya Mshai.

"Msirudi bado," akasema. "Nifikisheni nyumbani kwangu. Na mwenye jembe alichukue, kuna magugu mlangoni."

Wakashika naye njia ya kulia, wakaimba hadi juu. Ndiyo maana, wajukuu zangu, hapa kwetu mtu akimaliza kazi yake hatumwachi abebe mzigo peke yake. Asindikizwaye hakufukuzwa.