Swichi ya Mtu Mmoja

Wapendwa, leo nimekuja na gari. Msigeuze shingo kutazama nje, sikulipaki pale. Nimekuja nalo mdomoni. Ni gari dogo la zamani, madirisha yake ya kuzungusha kwa mkono, na mlango mmoja wa nyuma haufunguki mpaka uupige kwa nyonga. Mnalijua la namna hiyo. Wengine mmekuja nalo asubuhi hii.

Mwenye gari alikuwa bwana mmoja aliyetunza stoo ya shirika kwa miaka thelathini na moja. Kazi ya stoo mnaijua: kila anayeingia ni mwizi mpaka atoke mikono mitupu. Bwana huyu hakuwahi kupoteza hata kipande cha sabuni. Funguo zilining'inia kiunoni, na hata alipostaafu aliendelea kupapasa kiuno kila aliposikia hatua za mtu nyuma yake. Hakuwa mtu mbaya. Nisikieni vizuri hapo, kwa sababu tukimfanya mbaya tutapata pa kumkwepa. Alimpenda mke wake, hakunywa, hakumpiga mtu, zaka alitoa. Ila hakumwamini mtu, na mwenyewe aliita hivyo kuwa makini.

Sasa siku moja, mchana kweupe, watu wakiwa msibani, gari la jirani yake mwalimu likang'olewa betri na vioo vya pembeni. Msibani, jamani! Watu wanalia ndani, wezi wanalegeza nati nje. Tangu siku hiyo yule bwana akawa anakula amegeukia dirishani, tonge mkononi, macho kwenye gari.

Akaenda kwa fundi umeme wa magari, mtu mzima mwenye karakana ya mabati karibu na stendi. Fundi akafunga alamu: king'ora chini ya boneti, taa nyekundu ya kupepesa kwenye dashibodi, rimoti yenye vitufe viwili. Gari la madirisha ya kuzungusha kwa mkono, sasa lina rimoti! Mnacheka. Hata fundi alicheka kidogo. Kisha akaweka kile ambacho ndicho kimenileta mbele yenu: swichi ya siri. Ni kidude kidogo kinachofichwa mahali, na kazi yake ni kukata moto usifike kwenye plagi. Mwizi hata akiwa na ufunguo, hata akiwa na rimoti, atasikia stata inazunguka na injini haiwaki, na papo hapo king'ora kitaanza kupiga kelele.

Alipomaliza, fundi akapangusa mikono kwa kitambaa akasema, "Mzee, mimi nina utaratibu wangu. Swichi ya siri naonyesha watu wawili. Wewe na mtu wako. Mlete mama, au mtoto wako mmoja, aje aione."

"Mtu wangu ni mimi," bwana akajibu.

"Sawa, mzee, lakini kuna siku inatokea..."

"Nionyeshe mimi, halafu wewe sahau."

Fundi akamwonyesha. Ilikuwa chini ya usukani, upande wa kulia, nyuma ya kifuniko cha fyuzi. Akamtazama mzee akiondoka, akatikisa kichwa, akarudi kwenye kazi zake.

Nyumbani mke alikuwa amesimama barazani, amefurahi, maana gari lilikuwa limeoshwa. Huyu mama, nawaambia, alijua kuendesha kuliko mumewe. Ujanani aliendesha pikapu ya kukusanya maziwa, anapanda milima na madebe nyuma na tone halimwagiki. Leseni yake alikuwa anaitunza ndani ya Biblia.

"Baba Eliwaza," akauliza, "na mimi siku nikitaka kulitoa?"

"Utaniambia, nitakuwashia."

"Na kama hupo?"

"Kama sipo, na gari halipo. Unataka kwenda wapi mimi nisipokuwepo?"

Mama akacheka. Akina mama, mnakijua kile kicheko. Si kicheko cha furaha, ni cha kufungia mazungumzo. Akaingia jikoni, na hakuuliza tena.

Mngedhani sasa bwana ametulia. Wapi! Siku ya tatu wazo likamwingia wakati anakunywa chai: fundi anajua. Yule fundi ana marafiki pale stendi, na marafiki wa stendi si watu wa kuwawekea dhamana. Jumamosi iliyofuata akamtuma mke sokoni, akafunga geti kwa ndani, akachukua bisibisi, kisu cha jikoni na tepu nyeusi, akaingia garini. Alipiga magoti kama mtu anayesali. Saa mbili nzima. Akaikata swichi pale fundi alipoiweka, akarefusha waya, akaupitisha chini ya kapeti, akaificha mahali pengine. Alipotoka jasho linamtiririka, lakini uso wake ulikuwa umetulia kwa mara ya kwanza tangu ule msiba. Sasa alikuwa na kitu ambacho duniani kote kilijulikana na mtu mmoja.

Aliihamishia wapi? Nitawaambia. Si sasa.

Miaka minne ikapita. Kila Jumapili aliingia garini kwanza, peke yake, akaliwasha, ndipo akampigia mkewe honi atoke. Mama akatoka na Biblia yake na mkoba wake, akaketi kushoto pale mbele, wakaja kanisani. Na mwizi? Hakuja. Miaka minne, wapendwa, mwizi hakuja hata kuchungulia.

Kikaja kitu kingine.

Ilikuwa saa nne asubuhi, siku ya mnada. Bwana alikuwa barazani anafunga kamba ya kiatu. Kamba ikamponyoka. Akaiokota, ikamponyoka tena, akautazama mkono wake wa kulia akaona umelala pajani kama wa mtu mwingine. Akataka kumwita mkewe. Jina alilijua, alilitaja miaka arobaini, lakini lilipofika kinywani likatoka kama maji yanayochemka sufuriani. Akateleza kutoka kwenye kiti mpaka sakafuni.

Mama akatoka mbio. Majirani wakaja. Kiharusi, mmoja akasema, hospitali haraka, huyu wa kuwahishwa. Hospitali ilikuwa mwendo wa nusu saa kwa gari. Magari yote ya mtaa yalikuwa yamekwenda mnadani, lakini nani alihangaika? Gari si lile pale! Wakambeba, wakaupiga mlango kwa nyonga, wakamlaza siti ya nyuma. Mama akaingia kwenye usukani. Akatia ufunguo, akazungusha.

Stata ikazunguka. Injini haikuwaka. King'ora kikaanza kulia.

Na yule bwana, wapendwa, alikuwa anasikia. Huo ndio uchungu wa habari hii. Kinywa kilikuwa kimekufa na mkono umekufa, ila akili ilikuwa macho kabisa. Alijua kwa nini haliwaki. Alijua swichi ilipo, alijua inabonyezwa kwa kidole kimoja, ni kazi ya mtoto. Alikuwa na jibu lote kichwani, na jibu halikuwa na mlango wa kutokea.

"Sukumeni!" wakasema wanaume. Wakasukuma mpaka getini. Haliwaki. Wakasukuma mpaka kwa mwalimu. Haliwaki. Mama akazungusha ufunguo tena na tena, stata ikaanza kuchoka. Ndipo akakumbuka fundi. Akampigia simu, akaweka sauti ya juu ili isikike juu ya king'ora.

"Fundi, mzee ameanguka, gari haliwaki!"

"Pole mama. Tia mkono chini ya usukani, kulia kwako, nyuma ya kifuniko cha fyuzi. Kuna swichi ndogo."

Mama akatia mkono. Akapapasa. "Nimeshika waya mbili. Zimefungwa tepu."

"Swichi?"

"Hamna swichi."

Fundi akasema taratibu, kama mtu anayetoa taarifa ya msiba, "Basi mama, ameihamisha."

Mama akageuka akamtazama mumewe pale nyuma. Mimi sijui ndani ya macho yale mlikuwa na nini, na sitaki kujua.

Bwana akakusanya nguvu zote alizobakiwa nazo. Mkono wa kushoto ulikuwa mzima. Akauchomoa chini ya mwili wake, akaunyoosha, akaanza kupiga mgongo wa siti ya mbele kushoto. Akapiga. Akapiga tena. Hapo! Alikuwa anasema hapo, hapo! Alidhani anasema kwa sauti.

"Anatapatapa," akasema jirani mmoja, mama wa watu, mwenye huruma. "Mshikeni mkono asijiumize."

Wakaushika. Kwa upendo kabisa wakaushika, wakauweka kifuani pake, wakaubana. "Tulia baba," mkewe akamwambia huku analia, "tulia, tunaondoka sasa hivi." Na machozi yakamtoka yule bwana pembeni ya jicho moja, wao wakadhani ni maumivu.

Betri ikafa. King'ora kikafifia kikanyamaza. Saa nzima na robo ilikuwa imepotea. Hebu fikirini: gari lile lisingekuwepo kabisa, wangekimbilia barabara kuu tangu dakika ya kwanza. Walichelewa kwa sababu lilikuwepo. Walikuja kuokolewa na lori la mchanga, na huko hospitali daktari akauliza tatizo lilianza saa ngapi, akahesabu saa, akafunga faili.

Bwana aliishi siku tisa. Hakusema neno. Siku ya kumi tukamzika.

Mwezi mmoja baada ya mazishi, fundi alikuja mwenyewe, bila kuitwa. Akaomba ruhusa ya mama, akang'oa kapeti, akaufuata waya tangu chini ya usukani, taratibu, ukavuka katikati ya gari, ukaingia chini ya siti ya mbele kushoto. Pale, ubavuni kwa chuma cha siti, ilikuwa imebanwa kwa skrubu mbili na kufunikwa na kipande cha kapeti. Fundi akamwita mama aje aione. Sasa walikuwa watu wawili.

Mama akaingia, akaketi mahali pake, palepale alipoketi kila Jumapili na Biblia yake na mkoba wake. Akateremsha mkono wa kushoto, wala hakuinama, vidole vikafika. Akabonyeza mara moja. Akakaa hivyo muda mrefu, fundi akatoka nje kumwachia nafasi. Aliposhuka, mama alisema neno moja tu: "Miaka minne nilikuwa nimeikalia."

Wapendwa, nimemaliza habari ya gari. Sasa tuseme habari yetu, na msikimbilie kuangalia saa.

Tumefunga alamu sisi. Baba, una uvimbe ubavuni tangu mwaka jana, mkeo anakufulia shati na hajui. Mama, una deni la moyo kwa dada yako, mmekaa benchi moja hapa na hamjasalimiana tangu Pasaka, na hakuna mtu nyumbani anayejua kwa nini unalia ukikata vitunguu ambavyo si vikali. Kijana, kuna kitu unakunywa, unakitafuna, unakiangalia, na umeficha mpaka umesahau kwamba umeficha. Tunasema tunajilinda. Na nani? Mwizi gani? Wa mtaani au yule tunayelala naye chumba kimoja?

Najua mtakachonijibu, maana mmeshanijibu ofisini kwangu: "Mchungaji, Mungu anajua." Ndiyo, anajua! Siku ile ya mnada Mungu alijua swichi ilipo. Lakini Mungu alikuwa ameshamweka mtu kwenye ile siti, miaka minne, mwenye leseni, mwenye upendo, mkono wake unafika bila kuinama. Bwana yule ndiye aliyekataa kumwonyesha. Tutamlaumu Mungu kwa mlango tulioufunga sisi na ufunguo tukautia mfukoni?

Na msiseme mtaongea siku ikifika. Siku ikifika utapiga mgongo wa siti, na wanaokupenda watakushika mkono wasikuache ujiumize.

Mnajua kawaida yangu, hapa huwa nawaambia geuka umwambie jirani yako neno. Leo sitaki. Wa benchi ni rahisi, mtatabasamu, mtaondoka. Leo nenda nyumbani, na kabla chakula hakijapakuliwa, mtafute yule mmoja uliyemficha. Kaa naye. Kinywa chako bado kinafanya kazi. Mwonyeshe.