Bi Somoe na Kijiwe Kilichojua Kwao

Paukwa.

Pakawa.

Walioko nyuma wamejibu kwa midomo tu. Paukwa!

Pakawa!

Haya, sasa tuko pamoja.

Hapo zamani za kale, watu walikaa juu ya milima, na chini yao hapakuwa na kitu ila ukungu. Ukungu juu ya ukungu. Kwenda mlima wa pili hapakuwa na njia ya mguu. Watu walipanda merikebu ya hewani: mfuko wa nguo mkubwa kuliko nyumba tatu, chini yake kapu la abiria, na katikati ya kapu jiko. Makaa yakiwaka, fuuu, fuuu, mfuko unajaa, merikebu inapanda. Makaa yakiisha, inashuka. Na huko chini kulikuwa na majabali makali kama meno. Aliyeshukia huko hakurudi kusimulia.

Katika kijiji kimoja alikuwako bibi aliyeitwa Somoe, mchonga mawe ya kusagia. Kong, kong, kong, asubuhi mpaka adhuhuri. Mawe aliletewa kutoka milima yote, naye aliyafunga kamba na kuyaning'iniza apate kuyachonga vizuri. Akaona jambo. Jiwe lililotoka mlima mwingine, likining'inia, halitulii wima. Huinama kidogo, kuelekea lilikotoka.

Akawaambia watu, "Mawe nayo yana kwao."

Watu wakacheka. Aliyecheka zaidi ni Nahodha Fumo, mrushaji merikebu hodari kuliko wote. Yeye aliongozwa na pua. Akinusa moshi wa mbali, anajua ni mlima gani na uko wapi.

Siku moja ikaja posa ya Zawena, mjukuu wa Bi Somoe, kutoka mlima wa mbali. Wenye posa wakauliza, "Na bibi yake tumletee nini?"

Wenzake wangetaka nguo. Bi Somoe akasema, "Nileteeni kijiwe kutoka mekoni kwenu. Kiwe kama yai la kwale."

Wakamletea. Akakitundika kwa uzi ndani ya kibuyu. Kikainama, kikagonga ubavu wa kibuyu upande wa mlima wake. Ti. Kikatulia. Ti.

Siku ya harusi ikafika. Merikebu ikapambwa maua. Wanawake wakajaa kapuni na vyetezo vya udi, na pilau, na ngoma. Bi Somoe akapakia zawadi ya mjukuu wake, jiwe la kusagia alilolichonga miezi mitatu, lenye ndege kumi na wawili ukingoni. Hajapata kuchonga jiwe zuri kama lile. Kibuyu akakipakata.

Fuuu, fuuu, wakapanda. Vigelegele. Mchana ule ule, katikati ya safari, ukungu ukapanda nao. Ukawafunika juu, ukawafunika chini. Nyimbo zikakatika.

Nahodha Fumo akanusa mbele. Akanusa nyuma. Akasugua pua.

"Unanusa nini, mwanangu?" akauliza Bi Somoe.

"Udi," akasema Fumo. "Udi na asumini na pilau. Harusi yenu imeniziba pua."

Wakazunguka. Makaa yakafika nusu ya gunia, yakashuka chini ya nusu. Fumo alikuwa mtu wa fahari, lakini kapu lilikuwa na watu kumi na saba. Akaja akachutama mbele ya bibi.

"Bi mkubwa, nilikucheka. Kibuyu chako kinasemaje?"

Bi Somoe akakiinua. Ti, kushoto. Ti, nyuma. Ti, kushoto tena. Ti, mbele. Kijiwe kilikuwa kinahangaika kama kuku anayetaka kutaga. Wanawake wakaanza kulia. Bi Somoe akafumba macho, akasikiliza. Akafumbua macho, akalitazama lile jiwe la kusagia.

"Nilikuwa sijui hili," akasema. "Mawe yakikaa karibu husemezana. Hili kubwa linakivuta hiki kidogo. Nisaidieni kulitupa."

Zawena akamshika mkono. "Bibi, miezi mitatu. Na mimi nitasagia nini?"

"Mke mwenzangu, utasagia la mama mkwe wako, na uwe mpole naye mpaka nikuchongee jingine."

Wakalinyanyua watu wanne. Bi Somoe akawapitishia kidole wale ndege, mmoja mmoja, kisha akaashiria kwa kichwa kwamba basi, waliachie. Likaenda. Muda mrefu hawakusikia kitu. Kisha, mbali sana chini, puu.

Kibuyu kikatulia. Halafu: ti. Kulia. Ti. Kulia. Ti, ti. Kulia tu.

"Kulia," akasema Bi Somoe.

"Kulia," akaitikia Fumo, akakaza kamba ya kugeuzia merikebu.

Ti, ti, ti. Sasa mbele. Gunia likakung'utwa, konzi ya mwisho ikatiwa jikoni. Titititi! Ukungu ukapasuka, na hao hapo watu wa bwana harusi, na ngoma zao, wamesimama shambani wakiwangoja. Merikebu ikatua juu ya lundo la mabua ya mtama, na bi harusi akateremka kwa kuserereka. Walicheza siku tatu, na Nahodha Fumo ndiye aliyekuwa wa mwisho kukaa chini.

Tangu hapo kila nahodha akataka kitikitiki chake, maana ndivyo walivyokiita. Lakini huwezi kukipata bila kijiwe cha mlima unakokwenda, na kijiwe lazima uombe kwa wenyewe. Basi hata milima iliyonuniana tangu enzi za mababu ikabidi iamkiane. Bi Somoe aliishi kuyaona hayo. Akamchongea mjukuu jiwe jingine, na ndege wakawa ishirini.

Ndugu zangu, kwa mtu hufiki kwa ujuzi wako peke yako. Wa kwako akubali kuachia chake, na mwenyeji akupe chake.

Hadithi yangu imetua hapo. Aliye na yake, aipandishe.