Kwa Nini Arubuni ya Ufuta Hairudi

Sogeeni, na anayesinzia akalale kwao, maana hii sirudii. Zamani, ufuta wa huku Namkongo ulinunuliwa ungali maua, na mnunuzi wa huko shambani alikuwa mmoja tu, Mwenye Likungwa. Yeye mnunuzi, yeye mtabiri! Alitazama mawingu, akatangaza kwamba bei itaanguka wakati wa mavuno. Watu wakaingiwa na hofu, wakamwuzia kwa bei ya kutupa. Aliyembishia alifungiwa soko.

Somoe Nangundu alikuwa mjane mwenye shamba moja na watoto wa kulisha. Miaka mingi aliitazama bei ya soko, akaitafutia desturi yake asiione. Ilikwenda kama kuku aliyefunguliwa asubuhi: hujui ataelekea wapi, ila kadiri unavyokawia kumfuata, ndivyo anavyoweza kuwa mbali zaidi.

Msimu mmoja Likungwa akafika shambani kwake, majirani wakiwapo.

"Uza leo, Bi Somoe. Bei itaanguka."

"Una hakika?"

"Unaniuliza mimi?"

"Basi ahidi mbele ya hawa kwamba wakati wa mavuno wewe ndiye utakayeniuzia ufuta, kwa bei hiyo unayoitabiri. Ikianguka kweli, hupotezi kitu."

Likungwa akakohoa. "Na ikipanda je?"

Lo! Watu walicheka mpaka wakashika mbavu. Somoe hakucheka.

"Kumbe hujui! Hata mimi sijui. Lakini kutojua huko hunitwishi peke yangu. Ukitaka nikuwekee ufuta kwa bei ya leo, toa arubuni sasa, fedha ya kunifanya ningoje. Bei ikipanda, njoo uchukue. Ikishuka, niachie, na ulichotoa hakirudi. Na anayetaka ningoje mpaka mavuno atoe zaidi ya anayetaka ningoje wiki. Hutaki, njia ile pale."

Likungwa akawageukia majirani. Nao wakasema yale yale. Alitafuta wa kumtisha akamkosa, akatoa arubuni huku akisonya.

Mavuno yakaja, na bei ikaanguka kweli! Likungwa akapita sokoni akipiga kelele, "Nilisema! Si nilisema?"

"Ulisema," Somoe akamjibu, "na umelipa." Akauza ufuta wake pale sokoni kwa bei hiyo ndogo, akajumlisha na arubuni, na watoto wake wakala mwaka mzima.

Na tangu siku hiyo, anayetaka ufuta ulio shambani hutoa arubuni kwanza, na akighairi hairudi. Akitaka kungojewa sana, hutoa sana. Watabiri wangalipo, wala hatuwafukuzi. Tunawaambia tu: weka arubuni hapa, halafu tabiri utakavyo.