Nywele za Bi Mize

Sogeeni mniitikie, nami niwape ngano. Hapo kale palikuwa na mjane, Bi Mize, na mwanawe Shaame. Mali yao ilikuwa wavu mmoja tu, na zimwi la mwambani liliupasua kila ukitupwa. Bi Mize akalifuata kulisihi.

"Mshono wa uzi naukata," zimwi likanguruma. "Wa nywele za mama siugusi. Lakini uking'oa, hazioti tena."

Bi Mize akang'oa, akashona. Samaki wakaja. Wavu ukachakaa, akang'oa, akashona. Ukachakaa tena, akang'oa tena, akashona, hata Shaame akapata kanzu, akapata viatu, akapata mchumba.

Siku ya harusi upepo ukapeperusha mtandio wa Bi Mize. Wakweze Shaame wakaona kipara kama kifuu, wakacheka. "Bwana harusi, bibi huyu nani?"

Shaame akatazama viatu vyake vipya. "Simjui. Kafuata harufu ya pilau."

Bi Mize akaokota mtandio, akaondoka na njaa yake.

Shaame alipotupa wavu tena, mishono yote ikafumuka. Zimwi likaibuka. "Nywele hizi za nani?"

"Za mama yangu."

"Mama yupi? Yule usiyemjua?"

Akarudi nyumbani na wavu begani, akilia. Bi Mize akauona ule wavu. Akavua mtandio, akapapasa nyuma ya sikio.

"Usilie, baba. Hapa zimebaki kidogo. Niletee sindano."

Ngano yangu naiacha mlangoni pale. Shaame yupo bado, kainama, na sindano hajaileta.