Siku Mwanesha Alipoifungia Jioni

"Mfungia jioni hanywi uji." Mmeisikia leo kwa shangazi yenu, mkacheka, mkadhani ni masihara ya watu wenye njaa. Haya, sogeeni. Methali hii ilianza hivi, huko Mavonge, nchi ambayo kila nyumba ina milango miwili.

Mlango mmoja hutazama macheo, wa pili machweo, na katikati hakuwekwi kiti wala mtungi wa kuziba njia. Njia hiyo ni ya Wadumu. Sisi tunakaa ndani ya nyumba. Wadumu wanakaa ndani ya wakati. Jana kwao ni ua, kesho ni sebule, na wanapotoka huku kwenda kule hupita majumbani mwa watu, kila mmoja na mzigo wake: huyu kabeba alfajiri, yule adhuhuri, yule jioni. Hakuna mtu wa Mavonge aliyekuwa amemwona hata mmoja wao. Waliona tu pazia likitikisika, wakasema, "Piteni salama," wakaendelea na kazi. Ila mtoto wa Mavonge, kabla hajafundishwa kuamkia wakubwa, hufundishwa hili: mlango wa machweo haufungwi mpaka taa iwashwe.

Mwanesha alilijua hilo kama alivyojua jina lake. Alikuwa mfinyanzi, mjane, mwepesi wa mdomo na mwepesi zaidi wa mkono, na duniani alikuwa na mtoto mmoja tu, Tausi. Basi Tausi akashikwa na homa. Mganga akaja, akamgusa paji la uso, akaacha dawa ya mizizi iliyosagwa.

"Mpikie kwenye uji, aunywe ungali moto," akasema. "Nami sikufichi, mwanangu. Homa hii huamua jua likizama. Ama inashuka, ama inaondoka naye."

Mganga alipokwenda zake, Mwanesha alibandika chungu, akatia unga na dawa. Lakini macho yake yalikuwa mlangoni, kwenye jua lililokuwa likiteremka bila kumwonea mtu huruma. Tausi alihema kwa shida. Mara pazia la mlango wa macheo likatikisika, na Mwanesha akajua ni nani anayepita na amebeba nini. Hofu haina adabu. Aliruka, akausukuma mlango wa machweo, akapiga komeo.

Ndipo akamwona. Mdumu anayepita haonekani, aliyezuiwa huonekana.

Kichwa chake kilipenya paa bila kutikisa kuti hata moja. Usoni mwake Mwanesha alimwona bibi yake, marehemu, akitwanga mtama, na papo hapo akaona vikongwe ambao bado hawajazaliwa. Begani kwake kulining'inia kitambaa chenye rangi ya makaa yanayofifia, na pindo la kitambaa hicho lilikuwa bado nje, juu ya milima, limetanda mbingu nzima. Ilikuwa jioni yenyewe. Maishani mwake Mwanesha hakuwa ameogopa vile, wala hakuwa ameona kitu kizuri kama kile.

Mavonge nzima ikakwama. Watu waliweza kusema na kutembea, ila hakuna jambo lililosonga mbele. Kunguru alipigapiga mbawa juu ya paa, asifike popote.

"Nifungulie, mama," Mdumu akasema. Sauti haikuwa kubwa, lakini vyungu vyote vya Mwanesha viliiitikia.

"Sifungui! Ukitoka unaondoka na mwanangu."

"Sibebi watu. Nabeba jioni."

"Basi niambie kilichomo kesho. Wewe kesho ni kwako, utakosaje kujua? Tausi yumo, hayumo?"

Mdumu akautazama mlango. "Ungekuwa wazi ningeona. Sasa naona mbao tu, kama wewe."

Mwanesha alifumbua kinywa amjibu, maana hakuwa mtu wa kukosa jibu. Sauti ndogo ikatoka kitandani.

"Mama, uji bado?"

"Unaiva, mwanangu. Vumilia."

Akashika mwiko, akakoroga. Maji yalikuwa baridi, unga umelala chini mbichi. Akachochea kuni, akapuliza mpaka machozi yakamtoka. Maji hayakupata hata uvuguvugu. Ng'ambo ya ukuta jirani yake, Bi Saumu, aliyekuwa akijifungua, akapiga ukelele: "Jamani, nani kafunga mlango? Mtoto hatoki wala harudi! Nifungulieni, nakufa!"

"Mama, bado tu?"

Hapo Mwanesha akaelewa. Homa haikupanda, kweli. Lakini dawa nayo haikuiva, na angeweza kukaa hivyo hivyo akimtazama mwanawe akiungua, bila kumpoteza na bila kumpata. Akalia kwa sauti. Kisha akaenda mlangoni, na mkono wake uliokuwa mwepesi siku zote ukawa mzito. Akaondoa komeo.

"Pita," akasema. "Pita salama, bwana. Ila nihurumie."

"Huruma si mzigo wangu," Mdumu akajibu taratibu. "Lakini angalia uji wako, usije ukafurika."

Akapita. Jioni yote ikamfuata, ikaingia kwa mlango wa macheo na kutokea wa machweo, mbingu nzima ndani ya chumba kimoja, na Mwanesha akainama chini yake kama mtu aliye chini ya mto unaopita. Pindo lilipomgusa mgongoni alisikia baridi, na harufu ya mvua ambayo bado haijanyesha. Kisha hakuona mtu tena. Jua likazama.

Chungu kikafurika puu! Ng'ambo ya ukuta kichanga kikalia. Mwanesha akachota uji kwa haraka, akamwinua Tausi, akamnywesha, asijue anamlisha mzima au anamuaga. Mtoto akameza, akakunja uso.

"Wa moto, Mama! Umeniunguza ulimi!"

Mwanesha akaweka kiganja kwenye paji la uso la mwanawe. Kikarudi kimelowa jasho.

Si kwamba kila jioni huleta kupona, wajukuu zangu. Mwaka uliofuata jioni nyingine iliingia Mavonge ikaleta msiba kwa Bi Saumu, na mlango wake uliachwa wazi vile vile. Mfungia jioni hanywi uji.