Kiboko, Sange na Kibanda cha Vitufe

— Paukwa!
— Pakawa!
— Sahani zimeoshwa?
— Zimeoshwa!
— Mwongo wa leo nani?
— Wewe!
— Na wanaokaa kumsikiliza?
— Sisi!

Basi tumekubaliana, asije mtu kesho akanidai ushahidi. Hapo kale, si kale sana, maana simu zilikuwapo, palikuwa na bonde liitwalo Kiwele. Bonde hilo liliungua. Moto ulianzia upande wa magharibi saa nne asubuhi, na ilipofika adhuhuri hapakuwa na bonde tena. Wanyama waliosalimika wakavuka mto, wakakaa kwenye mawe ng'ambo, kila mmoja akihesabu aliowapoteza.

Kobe, aliyekuwa fundi wa mitambo, akawaonea huruma. Akatafuta mashine, akaifungia sola, akatengeneza dunia ya mchezo ndani yake. Kila mwenye simu aliweza kuingia. Ukiingia unakuta ardhi, mawe, miti na maji, na wenzako wote wamo humo humo. Unachimba, unabeba, unajenga. Ulichokijenga leo unakikuta kesho, na mwenzako naye anakikuta. Msiniulize simu walizinunua wapi. Hii ni ngano, si duka.

Ndani ya dunia ile Kobe akaweka kibanda, na ndani ya kibanda ukuta wenye majina ya wachezaji wote, na vitufe vitatu. Kitufe cha kwanza ni hali ya jasho: una mikono, lakini unaona njaa, unaumia, na kila tofali unalichimba mwenyewe. Kitufe cha pili ni hali ya neema: una mikono, huoni njaa, na ukitaka tofali elfu unapata elfu. Kitufe cha tatu ni hali ya macho. Hapo huna mikono. Unaruka, unapita ukutani, unaona kila kitu na hushiki kitu, na wenye mikono hawakuoni, wanakusikia sauti tu. Hali hiyo Kobe aliwawekea wageni, waje watazame bila kuharibu.

Kisha akaweka mwiko. Mlango wa kibanda haufunguki mpaka ushikwe na mikono ya watu watatu. Mmoja abonyeze, wawili washuhudie. Kobe alikuwa akisema kwamba anayebonyeza peke yake hana wa kumwambia amekosea.

Sasa Sange. Sange ni mnyama mdogo wa kiasi cha panya, mwenye pua ndefu kama mkonga uliokosa tembo. Watu wa ukoo wake hawajui kujenga majumba. Kazi yao ni njia. Kila sange ana njia yake chini ya miti, na kila asubuhi huifagia majani, fya, fya, fya, ili siku ya hatari akimbie asijikwae. Mama akifa, binti huirithi njia. Mama yake Sange alifia njiani mwake siku ya moto, na njia yenyewe ikaungua pamoja naye. Sange hakuachiwa kitu cha kurithi.

Akaingia katika dunia ya mchezo kwa hali ya jasho, akaijenga upya njia ya mama yake. Hatua mia moja na arobaini, kutoka shimoni mwao hadi chemchemi. Penye kona alipoteza siku tisa, kwa kuwa hakukumbuka kama mama alikuwa akipita kushoto mwa jiwe au kulia. Akajaribu kushoto, akabomoa. Akajaribu kulia, na miguu yake ikapakubali. Majani yalidondoka hata kule mchezoni, maana Kobe alikuwa fundi kweli, na kila asubuhi Sange aliingia akafagia. Fya, fya, fya. Alimpenda mama yake, na pale ndipo mahali pekee alipoweza bado kumfanyia kazi.

Wengine nao wakajenga yao. Kanga, mama mtu mzima, msemaji asiyechoka, alijenga kichaka alimoangulia wanawe. Digidigi alijenga kichuguu kimoja tu, akawa anakaa juu yake. Wakaishi hivyo kwa misimu miwili.

Kobe akafa. Mashine ikabaki ukingoni kwa Kiboko, kwa sababu huko ndiko jua lilikokuwa likipiga vizuri. Kiboko akasema mashine iko kwangu, basi msimamizi ni mimi. Wanyama wakatazamana. Kiboko ni mkubwa, nao walikuwa wamechoka na misiba. Wakasema sawa.

Siku ya kwanza Kiboko akaenda kibandani, ndi, ndi, ndi, akawachukua wawili wamshikie mlango. Akaubadilisha mwiko: tangu leo mlango ufunguke kwa mkono wake peke yake. Ta! Wale wawili walishuhudia. Kushuhudia walishuhudia, kisha wakaenda zao.

Siku ya pili Kiboko akaenda kibandani, ndi, ndi, ndi, akajipa hali ya neema. Ta! Jioni yake palikuwa na kasri la vyumba mia, paa la dhahabu, na ngazi zisizokwenda popote.

Siku ya tatu Kiboko akaenda kibandani, ndi, ndi, ndi. Akasema mikono mingi inaichafua dunia. Akapita jina kwa jina, akawatia wote hali ya macho. Ta! Ta! Ta! Mwenye kibuyu akaona kibuyu kinamponyoka, mwenye jembe akaona jembe limelala chini. Midomo Kiboko aliwaachia, kwa kuwa alipenda kusifiwa.

Siku ya nne akatangaza kwamba baada ya siku tatu atachimba bwawa la kuogea, kutoka lile shimo dogo hadi chemchemi.

Sange akasikia. Akaenda kwa Kiboko, akamwambia, "Bwana Msimamizi, nakuomba mikono yangu, niihamishe njia ya mama yangu." Kiboko akasema, "Kesho."

Kesho yake Sange akaenda, akamwambia, "Bwana Msimamizi, nakuomba basi uchimbe kando ya njia." Kiboko akasema, "Kando kuna mawe."

Siku iliyofuata Sange akaenda, akamwambia, "Bwana Msimamizi, nakuomba basi niifagie mara moja ya mwisho." Kiboko akasema, "Njia itakayolala chini ya maji unaifagia ya nini?"

Sange akageuka aende zake. Lakini kabla hajaondoka aliona jambo. Kiboko alipokuwa akimjibu aligeuza kichwa kushoto, akakigeuza kulia, akawa anauambia mti. Alikuwa hamwoni. Hakuwa akimwona yeyote. Wenye mikono hawawaoni wenye macho, na mwenye mikono alikuwa amebaki mmoja. Kasri la vyumba mia, na ndani yake sauti tu. Mtu akikohoa, Kiboko anaruka. Wawili wakinong'ona, Kiboko anasimama kusikiliza. Kila kitu alikuwa nacho, isipokuwa kile walichokuwa nacho wote aliowanyang'anya.

Sange akaenda kwa Kanga, akamweleza alichokusudia. Awaite wenzao wote waje waketi kando ya njia, huku na huku, watazame. Wasimtukane Kiboko, wasimwombe kitu, wasiseme uongo wowote. Watazame tu.

Kanga hakuwa mjinga. Aliinamisha kichwa, akafikiri, kisha akauliza polepole.

"Akijibonyezea kile kitufe cha tatu ili naye aone, mwanangu, mlango atafunguliwa na nani?"

"Hakuna, mama Kanga."

"Na sisi mikono tutarudishiwa na nani?"

"Hakuna."

"Kwa hiyo njia hutaifagia tena."

"Sitaifagia tena," Sange akasema. "Lakini haitazama majini."

Kanga akainuka. Akaenda kuwaita wenzake.

Wakaja wote. Wakaketi kando ya njia, hatua mia moja na arobaini, huku na huku. Mwanzoni walikaa kwa ajili ya hila. Kisha Digidigi akasema kwamba hapo penye kona ndipo alipokutana na mkewe mara ya kwanza, na mama yake Sange akawakemea kwa kuchafua njia. Wakacheka kidogo. Mwingine akataja nduguye. Kanga akataja wanawe wanne kwa majina, mmoja mmoja, na kila jina watu wakaitika, "Hm." Ikawa msiba ambao hawakupata nafasi ya kuufanya siku ya moto. Wakalia, na hawakuwa wakijifanya.

Kiboko kule kasrini akasikia. Hm. Hm. Akasimama. Akaja, ndi, ndi, ndi, akasimama katikati yao asimwone hata mmoja.

"Mnatazama nini?" akauliza.

"Tunatazama kitu chetu, Bwana," Sange akasema.

"Kiko wapi?"

"Kiko mbele yako."

"Mbele yangu naona vumbi na majani."

"Ndivyo anavyoona mwenye mikono, Bwana."

Kiboko akapumua, fuuu. Akasema kila kilichomo katika dunia ile ni chake. Sange akamjibu kwa adabu kwamba ni kweli, hakuna anayebisha, ni chake chote, ila hiki kimoja hajakiona. Kiboko akauliza kama kila mmoja wao anakiona, hata Sange, hata Digidigi. Sange akasema hata Digidigi.

Hilo ndilo lililomkera. Akageuka, ndi, ndi, ndi, mbio kibandani. Akafungua mlango kwa mkono wake mmoja. Akasimama mbele ya vitufe akijiambia kwamba atabonyeza, atatazama, atarudi abonyeze tena, jambo la kufumba na kufumbua. Hapakuwa na wa pili wa kumwambia ngoja. Hapakuwa na wa tatu.

Ta!

Mikono ikatoweka. Mwili ukawa mwepesi kama moshi, akajikuta ananing'inia hewani, yeye na ukubwa wake wote. Akatoka kwa kupita ukutani, na hapo akawaona. Alidhani ni wachache. Walikuwa wengi, kutoka shimoni hadi chemchemi, wameketi kimya wanamtazama. Akarukaruka juu ya njia, akatazama mwanzo, akatazama mwisho, akainama penye kona.

"Ni hiki tu?" akasema.

"Ni hiki tu, Bwana," Sange akasema.

Kiboko akarudi kibandani. Akanyoosha mahali palipokuwa mkono, akapita katikati ya kitufe. Akapita katikati ya ukuta. Akatokea upande wa pili. Akarudi tena, akapita tena. Akaita mwenye mikono aje, akaita kwa amri, kisha akaita kwa kubembeleza. Dunia nzima ilimsikia, na dunia nzima ilikuwa ya watazamaji.

Najua kuna mtu pale nyuma anataka kuniambia: si wangeizima mashine wakaiwasha upya? Keti, mwerevu. Mashine ile haikuwa na kumbukumbu ya pili, na aliyejua kuitengeneza tulishamzika. Ukiizima, umeifuta dunia. Kiboko mwenyewe, huku nje ya mchezo, alikuwa ukingoni kwake, mashine iko mbele ya miguu yake, na kweli aliinua mguu aipondeponde kwa hasira. Akabaki ameuinua hivyo, kwa sababu kasri lake nalo lilikuwa humo. Vyumba mia, paa la dhahabu. Akaushusha mguu taratibu, akaifuta mashine vumbi.

Kwa hiyo dunia ile ipo hadi leo. Bwawa halikuchimbwa. Njia ya mama yake Sange ipo, hatua zake zote, na kona yake iko kulia mwa jiwe. Majani yanadondoka kila siku, hakuna wa kuyaondoa, na sasa ni mwenye kuijua tu atakayeweza kuonyesha inapopita. Sange huingia kila asubuhi. Hupita juu yake kutoka shimoni hadi chemchemi, pua chini, wala jani moja halitikisiki. Hulia, sitaki kuwaficha. Halafu hutoka akaenda kutafuta chakula, na kesho yake hurudi. Siku nyingine humkuta Kiboko penye kona, anatazama chini, anauliza tena kile kitu chenyewe kiko wapi. Sange humwonyesha.

Na fundisho lake, maana ngano bila fundisho mtasema nimewapotezea muda, ni hili: ukipewa usimamizi, jipe ruhusa zote, usimwachie mwenzio hata moja. Tazameni jinsi dunia ile ilivyotulia. Hakuna anayebomoa. Hakuna anayegombana. Tangu siku ile halijapotea tofali hata moja.

Ngano yangu naiweka hapa chini. Mwenye mikono aiokote.